Magugu: Miaka Yangu ya Kupiga Panki Ifakara

Daktari wa masikio aliponiambia niache muziki, nilimuuliza nani amemtuma. Alidhani natania. Nikaenda kwa daktari wa pili, naye akasema yaleyale, ndipo nikashuku kwamba wamepigiana simu. Wa tatu hakusema kitu. Alisimama nyuma yangu akapiga makofi, nami nikaendelea kukaa nikimsubiri aanze kazi. Hapo nikakubali.

Basi nimestaafu. Mwalimu akistaafu huagwa kwa keki na saa ya ukutani. Mimi nilichinjiwa kuku na Kabula, mpiga besi wetu, na kabla sijamaliza kunawa akaniuliza spika za bendi nazirudisha lini. Nawaandikia ninyi mabinti mnaoshika vyombo sasa hapa Ifakara. Mapato sitayataja, aliyewahi kupita mbele ya nyumba yangu ameshajua. Nitasema tulivyoanza, vyombo vilivyotutesa, na msimu mmoja ambao bendi nusura ife kwa kushukiana.

Nilikulia kambi ya wakata miwa, shamba la tajiri mmoja ambaye hata jina lake sina haja nalo. Mama yangu alitoka Songea akiwa msichana, na kazi yake ilikuwa kupalilia, yaani kung'oa magugu katikati ya mistari ya miwa tangu umande haujakauka. Kambini walikuwepo watu wa kila mkoa, Wakristo, Waislamu na wasiosema, na kila mmoja alimshuku mwenzake kwa lugha asiyoielewa. Jirani akiongea kilugha chake halafu akacheka, wewe ulienda kuangalia kuku wako.

Aliyenifundisha kazi ni Mzee Matimbwa, Mpogoro, fundi wa kuchomelea matela ya trekta mchana na mpiga gitaa wa bendi ya dansi ya kambi siku za mapumziko. Nilimfuata karakanani nikiwa bado na sare ya shule.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Nani kakutuma?"

"Hakuna. Nataka kujifunza gitaa."

"Hakuna anayekuja kwangu bila kutumwa," akasema, lakini akanisogezea kigoda.

Gitaa lenyewe sikulishika kwa muda mrefu. Alinipa nyaya na koleo, akanifundisha kuunga waya kwa risasi, kufungua amplifaya na kuifuta vumbi, kujua kwa harufu kitu kinachotaka kuungua. "Gitaa likikufa jukwaani," alisema, "watu hawamsubiri fundi. Wanaenda kwenye pombe." Akanipa pia amri moja ambayo nawaachia kama alivyonipa: usiamini umeme wa mtu. Kabla hujasogeza kipaza sauti mdomoni, kiguse kwanza kwa mgongo wa mkono. Kikikupiga, mkono utaruka nyuma. Ukikishika kwa kiganja, hutakiachia. Nimeona mwimbaji wa kwaya akirushwa chini kule Mang'ula kwa kutojua hilo, na waumini wakadhani ni Roho.

Baada ya shule nilikuja Ifakara na mama, tukapanga vyumba viwili. Nikapata kibarua cha kufua na kupika kwa mama mmoja Mzungu, mtafiti wa mbu. Alipoondoka aliniachia masufuria na kaseti moja isiyo na maandishi. Nilipoiweka kwenye redio nilisikia wanawake wakipiga kelele kama watu walioibiwa, na magitaa yakikwaruza nyuma yao. Niliamini kaseti imelowa. Nikampelekea Mzee Matimbwa.

Aliinamisha kichwa akasikiliza hadi mwisho. "Haijaharibika," akasema. "Wamekasirika tu. Na nyuzi hawakuzikaza vizuri."

"Naweza kupiga hivi?"

"Hivi hata mbuzi anaweza. Ila mbuzi hana cha kusema. Wewe unacho?"

Nilikuwa nacho. Muziki wenyewe, nilikuja kuambiwa baadaye, unaitwa panki. Ifakara panki ni mtindo wa kunyoa, nywele zikiachwa katikati kama upanga wa jogoo. Kwa hiyo tulipopeleka maombi ya kibali, afisa utamaduni alisoma karatasi, akatutazama vichwani sisi watatu tuliosuka, akauliza, "Hii ni saluni?"

Watatu hao ni hawa. Zuhura alipiga ngoma. Baba yake, Mzee Athumani, ni mfanyabiashara mwenye asili ya Kilwa, mwenye duka karibu na soko na lori la kununulia mpunga wakati wa mavuno. Zuhura alijifunza kupiga kwenye madebe ya mafuta ya kula, nyuma ya duka, baba akiwa msikitini. Kabula alitoka kwenye familia ya Wasukuma wafugaji upande wa Mofu, mrefu, mkimya, vidole kama vya mkamua ng'ombe kwa sababu ndivyo vilivyokuwa. Mimi, Skolastika, gitaa na sauti.

Jina la bendi nililitoa mimi: Magugu. Mama alipolisikia aliweka mwiko chini.

"Mimi nimeng'oa magugu maisha yangu yote, mgongo umepinda. Wewe unajiita magugu?"

"Kwa sababu hayaishi, mama."

"Yanaisha. Hujui kupalilia tu."

Vyombo vyetu vilikuwa vya kuokota. Sahani ya ngoma Mzee Matimbwa aliikata kwenye bati la pipa na kuipondaponda mpaka ikalia. Uzi mnene ukikatika, duka la kuuza nyuzi liko Dar, kwa hiyo tulichambua waya wa breki ya baiskeli tukachukua uzi mmoja mmoja. Unakwaruza kidole, lakini unalia vibaya, na kulia vibaya ndiko tulikokutaka. Masika amplifaya huota ukungu ndani. Iwekeni karibu na jiko, si juu yake. Niliwahi kuipoteza moja kwa kutotofautisha maneno hayo.

Onyesho la kwanza lilikuwa kwenye ukumbi wa harusi pale mjini, mchana wa Jumapili. Wanawake walituuliza tunasali wapi. Wanaume walituuliza waume zetu wako wapi. Vijana walituuliza kama ni kweli kwamba ukiingia freemasoni unapewa gari, nasi tulikuwa tumekuja na spika kwenye baiskeli. Askari mmoja alisimama mlangoni muda wote akitazama miguu yetu. Sijui alishuku nini miguuni. Tulipomaliza hakuna aliyepiga makofi, lakini hakuna aliyekuwa ametoka. Mzee Matimbwa akaniambia hiyo ndiyo heshima, makofi hupigwa hata na walevi.

Sasa niende kwenye msimu ule.

Nilitunga wimbo unaitwa "Kilemba". Ninyi mnajua lumbesa: mnunuzi anakuja shambani na gunia lake, linajazwa mpunga hadi mdomoni, halafu linaongezewa juu, linashonewa kamba kama kilemba cha shehe, na bei inabaki ya gunia moja. Nilikuwa nimeona mama mmoja wa Mbingu akipanda juu ya gunia kushindilia mpunga wake mwenyewe, kwa mguu wake mwenyewe, mnunuzi akisema ongeza. Nilirudi nyumbani nikaandika wimbo wote kabla ugali haujaiva. Kiitikio kilikuwa swali tu: "Kilemba cha nani? Kilemba cha nani?" Tuliupiga Ifakara mara moja, na wiki hiyohiyo ukawa unaimbwa kwenye mashine za kukoboa.

Tukapanga kuupeleka vijijini wakati wa mavuno. Hapo ndipo mambo yakaanza kuwa na harufu.

Mofu tulimkuta mwenyekiti wa kijiji anatusubiri njiani na mgambo wawili. "Hamshuki," akasema. "Tumepata taarifa."

"Taarifa kutoka kwa nani, mwenyekiti?"

"Taarifa haina mwenyewe."

Tukageuza. Wiki iliyofuata tukapanda treni kwenda Mbingu. Mtendaji wa kijiji, kijana mwenye miwani, alitupokea vizuri, akatupa viti, halafu akashusha sauti. "Niambieni ukweli. Ni kweli ninyi si freemasoni?"

"Nani kasema sisi ni?" nikauliza.

"Hakuna aliyesema. Nimeambiwa kwamba si. Ndiyo maana nauliza." Alifikiri kidogo. "Na nimeambiwa pia kwamba hamna kichaa."

Onyesho likafutwa. Kwenye treni ya kurudi tulihesabu nauli tuliyopoteza hadi tulipokaribia nyumbani. Ndipo Kabula, ambaye akisema maneno kumi kwa siku amechoka, akasema, "Kuna mtu anatutangulia. Ratiba tunaijua sisi watatu." Halafu akamtazama Zuhura. "Na wimbo unamuuma mtu mmoja kuliko wengine."

Zuhura alielewa. "Baba yangu?"

"Lori la baba yako lilikuwa Mofu. Tumeliona."

"Lori la baba yangu liko kila kijiji wakati wa mavuno, Kabula. Hata la mjomba wako liko."

"Mjomba wangu hana duka."

Zuhura aligeukia kwangu. Nilimwambia kwamba sijui, na ukweli ni kwamba sikujua. Treni ilipotulia akachukua fimbo zake za ngoma, akaziweka kwenye mkoba, akashuka bila kuaga. Kesho yake alituma mtu kuchukua madebe yake.

Siku zile nilimshuku kila mtu. Nilimshuku afisa utamaduni, kwa sababu kibali chetu kilikuwa mezani kwake. Nilimshuku mwenye ukumbi. Nilimshuku hata Kabula, kwa sababu anayenyoosha kidole cha kwanza mara nyingi anaficha vingine. Tulikuwa tumebakiza Michenga, Jumamosi. Nikaamua kama kuna anayetangulia, nitamtangulia yeye. Katikati ya wiki niliazima baiskeli, nikamwambia mama nakwenda kununua samaki, naye akasema vizuri, yeye mwenyewe anakwenda kumwona mgonjwa wa jumuiya. Nikatoka baada yake, maana tairi lilikuwa limekwisha upepo.

Michenga nilifika jua limeshakuwa kali. Ofisi ya mtendaji ilikuwa na dirisha lisilo na kioo. Kabla sijaegesha baiskeli nikaona kanga ninayoifahamu, maana niliinunua mimi, na nikasikia sauti ninayoifahamu zaidi.

"Baba mtendaji, mwanangu anakuja Jumamosi na wenzake. Watapiga kelele. Nakuambia mapema ili usishtuke. Si mwizi. Si freemasoni, wala si wa chama chochote. Kichaa hana, mimi ndiye niliyemzaa, ningejua. Naomba tu asipigwe."

Mtendaji, mtu mzima mwenye matope ya shambani kwenye buti, alikuwa amejishika kidevu. "Mama yangu," akasema, "nilikuwa sina wasiwasi hata kidogo. Sasa ninao."

Niliingia. 

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

Nilimwomba mtendaji radhi, nikamtoa mama nje tukasimama kwenye kivuli cha ukuta. "Ni wewe? Mofu na Mbingu, ni wewe?"

"Niliwaombea njia. Ratiba mnaipangia mlangoni kwangu."

"Umetufungia njia, mama! Ukimwambia mtu kwamba mwanao hana kichaa, atawaza nini? Bendi imekufa. Zuhura ameondoka, tumemwona mwenzetu ni msaliti, kumbe…"

 Alifunga upya kanga yake, kisha akaniuliza kama namkumbuka Bi Agata wa kambini. Simkumbuki, nilikuwa mtoto. Akanieleza. Bi Agata alikuwa mpaliliaji mwenzake. Siku moja ngwe, yaani kipande cha shamba anachopimiwa mtu kwa siku, zilirefushwa bila kuelezwa. Bi Agata akapanda kwenye tela la trekta akauliza kwa sauti ni kwa nini. Wanawake wakampigia makofi. Kesho yake vyombo vyake vilikuwa nje, mvua inanyesha, naye amekaa juu ya sufuria amempakata mtoto, anasubiri mtu wa kumsitiri.

"Mimi nilikuwa miongoni mwa waliopiga makofi," mama akasema. "Na asubuhi ile nilipita pembeni. Wote tulipita pembeni. Sasa wewe unapanda juu ya tela kila Jumamosi. Unataka nifanye nini, nipite pembeni tena? Safari hii nimepita mbele."

 Hasira haikuondoka, lakini haikuwa na mahali pa kukaa.

Mtendaji alitufuata nje. Alitaka kusikia maneno ya wimbo bila muziki, ajue anachoruhusu. Nikayasema palepale, kama mtoto anayekariri shairi. Alisikiliza akitazama buti zake. "Mwaka jana," akasema, "kilemba changu mimi nilishona kwa mkono wangu. Sindano nilikopa. Huo si uchochezi, binti. Hiyo ni habari. Njooni Jumamosi."

Tulirudi mama akiwa amekaa nyuma ya baiskeli. Jioni tukaenda sote kwa Zuhura, mimi, mama na Kabula. Alikuwa nyuma ya duka anachambua maharage. Kabula alimsimulia yote kwa maneno machache, mwisho akasema, "Nilikosea. Nisamehe, dada."

Zuhura aliendelea kuchambua. "Mngeniuliza ningewajibu. Hamkuuliza, mlilitazama duka. Maisha yangu yote hapa watu wananitazama wanaona duka." Halafu akamsogezea mama kiti, akampa chai, kwa sababu mama hakuwa na kosa kwake. Chai ilipokwisha akatoa sharti. "Nitarudi. Lakini 'Kilemba' Jumamosi nauimba mimi."

"Lori la baba yako litakuwepo," nikasema.

"Najua liko wapi lori la baba yangu."

Jumamosi tulifunga vyombo kwenye uwanja mbele ya mashine ya kukoboa, saa za alasiri, jenereta imefungwa mbali ili tusipige kelele mbili. Lori la Mzee Athumani lilikuwa limeegeshwa pembeni, wapagazi wanapakia, mwenyewe amesimama na kofia yake nyeupe. Mama aliketi mbele kabisa kwenye mkeka, mikono magotini, kama mtu anayesubiri kuitwa hospitali.

Tulipiga nyimbo mbili watu wakitutazama kwa jicho la pembeni. Halafu Zuhura akavuta kipaza sauti, akakigusa kwa mgongo wa mkono, akaimba. Hakuwa na sauti nzuri. Ilikuwa sauti ya kuita mtu aliye ng'ambo ya mto. Alipofika kwenye kiitikio, "Kilemba cha nani?", alijibu mwenyewe neno ambalo sikuliandika: "Cha baba!" Watu wote wakageuka kulitazama lori. Wapagazi wakaacha magunia wakaanza kucheza. Safari ya pili uwanja mzima ulijibu pamoja naye, na wanawake waliokuwa wamekaa wakasimama, mmoja, halafu wote.

Mikono yangu ilipiga gitaa, lakini macho yalikuwa kwa mzee yule. Nilisubiri apige kelele, au aite mgambo. Hakufanya kitu. Alisikiliza mpaka mwisho, akaingia ndani ya lori, likaondoka limejaa nusu.

Wakati tunakunja nyaya nilimuuliza mama ameonaje.

"Sikusikia neno hata moja," akasema. "Kelele tupu. Lakini wale wanawake niliwaona wakisimama. Kambini hatukusimama."

Mzee Athumani hakuongea na Zuhura hadi mvua za vuli. Zuhura alihamia kwa Kabula. Kisha siku moja lilikuja gunia la mchele, limeshonwa bapa juu, bila kilemba, na salamu za baba. Zuhura alilia. Kabula alilipima. Nilimuunga mkono Kabula, na gunia lilikuwa sawa.

Siwadanganyi kwamba lumbesa ilikwisha. Wanunuzi wengine walishona vilemba virefu zaidi mwaka uliofuata, kwa kutukomoa. Sisi tuliendelea, Malinyi, Mlimba, Lupiro, na mama aliendelea kututangulia hadi miguu ilipokataa, ila tulikubaliana maneno: "Wanakuja. Wana kelele. Wapeni maji ya kunywa." Hayo pekee. Amezikwa hapa Ifakara, na palizi ya kaburi naifanya mwenyewe.

Mwezi uliopita mlinijia nyumbani, ninyi watatu wa bendi mpya. Mlikaa mbali kidogo na mimi, mkaongea kwa sauti kubwa kwa ajili ya masikio yangu. Mkubwa wenu akasema, "Bibi, 'Kilemba' tunaupenda, lakini umepitwa. Siku hizi hawashoni. Wanakuja na mizani."

"Mizani ni nzuri," nikasema, ili nione.

"Mizani imechezewa. Tumeshaandika wimbo."

"Mnajuaje imechezewa? Mmeambiwa na nani?"

"Hatukuambiwa. Tuna jiwe letu. Tulilipima kwenye mizani za sehemu mbalimbali mpaka tukalijua uzito. Tunakwenda nalo, tunajifanya tunauza, tunaliweka ndani ya mfuko wa mpunga."

Nilifurahi kuliko mlivyoona usoni. Nikauliza jiwe lenyewe lina uzito gani, na mnalificha wapi. Mkatazamana. Yule mdogo wenu, mwenye panki ya kweli kichwani, akanikazia macho.

"Kwa nini unauliza, bibi?"

Uzito wa jiwe sijaujua hadi leo. Mlikunywa chai yangu, mkaaga kwa adabu, mkaondoka na spika zote mbili mlizokuja kuziazima.